Rubani wa Bata

SEHEMU YA KWANZA

Mwezi Septemba 1961, mtu akikuuliza Katanga ina ndege ngapi za jeti za kivita, ungemwonyesha kidole kimoja.

Ndege yenyewe ilikuwa Fouga Magister, kazi ya Wafaransa: injini mbili ndogo ubavuni, mkia uliochanua kama herufi V, bunduki mbili za rashasha puani. Kiwandani haikukusudiwa vita. Ilikusudiwa kuwafundishia marubani wachanga, kama yale magari yenye kibao cha "L" mgongoni. Lakini mwezi ule iliwalaza kifudifudi wanajeshi wa mataifa kadhaa waliovaa kofia za buluu, na maskani yake yalikuwa Kolwezi, uwanja wa Kengere.

Kolwezi ni mji wa shaba. Uko juu, karibu mita 1,500 toka usawa wa bahari, na udongo wake mwekundu huganda viatuni wakati wa mvua, kiangazi ukaingia puani. Kule ndege huitwa ndeke, iwe ya manyoya, iwe ya bati.

Tukumbushane kidogo. Kongo ilipata uhuru tarehe 30 Juni 1960. Siku kumi na moja baadaye Moïse Tshombe akatangaza kwamba Katanga imejitenga. Kodi ya Union Minière, kampuni ya Wabelgiji iliyochimba shaba na kobalti, ikawa inaingia mfukoni mwa Tshombe badala ya kwenda kwa serikali kuu huko Léopoldville. Shaba ikanunua bunduki, ikanunua maofisa wa Kibelgiji, ikanunua mamluki toka kila pembe. Februari 1961 ikanunua Fouga tatu. Moja ikaanguka mwezi Juni na kumuua rubani wake. Moja ikakamatwa na Umoja wa Mataifa mwishoni mwa Agosti, siku ya msako wa maofisa wa kigeni. Ikabaki ile ya Kolwezi.

Sasa nikiri jambo kabla hatujafika mbali. Humu ndani kuna baba na mwana niliowatunga. Wengine wote wanaotajwa kwa majina ni watu wa kweli, na mambo yao ni ya kweli, lakini vitabu vya mamluki vimejaa majina ya marubani tu; waliosukuma ndege zao, wakazijaza mafuta, wakazifuta matope, hawamo. Basi nimemtafutia mmoja nafasi. Namwita Fundi, inatosha. Alitoka karakana za Union Minière, zile zile zilizogeuza malori ya mgodi kuwa magari ya deraya, akahamishiwa Kengere. Nyuma ya mlango wa banda alikuwa na ubao na kipande cha chaki. Kila asubuhi alichora mstari mmoja kwa kila ndege ya vita inayoweza kuruka.

Mwanawe, mtoto wa miaka kumi, alikuwa akimletea chakula.

"Baba, leo ziko ngapi?"

"Iko moja."

"Na jana?"

"Moja."

"Na kesho?"

"Kesho uliza kesho."

Rubani anayekumbukwa zaidi kwa ndege ile ni José Magain, Mbelgiji. Tarehe 13 Septemba Umoja wa Mataifa ulianza operesheni yake Elisabethville, mji tunaouita Lubumbashi leo, kuvunja nguvu ya Tshombe na mamluki wake. Fouga ikaondoka Kolwezi. Ikapiga makao ya Umoja wa Mataifa mjini, ikachoma ndege za usafirishaji zilizokuwa zimeegeshwa uwanjani Luano, ikahamia Jadotville, Likasi ya leo, ambako kampuni moja ya Wairlandi, watu 155 chini ya Pat Quinlan, ilikuwa imezingirwa. Wairlandi walikuwa na mahandaki. Cha kuipigia ndege hawakuwa nacho. Risasi na maji vilipokwisha, tarehe 17, wakajisalimisha.

Utashangaa: Umoja wa Mataifa mzima, ukiwa na maelfu ya askari Kongo, ulizuiwaje na ndege moja ya wanafunzi? Jibu ni kwamba haukuwa na ndege ya kivita hata moja. Mfalme wa Ethiopia alikuwa tayari kutoa jeti zake za Sabre. Ili zifike Kongo zilihitaji kupita Uganda, na Uganda bado ilikuwa chini ya Mwingereza. Mwingereza akavuta vuta ruhusa. Kwa hiyo, kwa siku hizo chache, hesabu ya angani ilikuwa moja kwa sifuri, na moja ikishindana na sifuri ni jeshi kubwa sana.

Katibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa, Dag Hammarskjöld, akaamua kwenda mwenyewe kuzungumza na Tshombe. Mahali pa kukutana: Ndola, upande wa pili wa mpaka, Rhodesia ya Kaskazini. Jioni ya Jumapili tarehe 17 Septemba ndege yake, DC-6 iliyoitwa Albertina, ikaondoka Léopoldville. Kwenye karatasi ya safari rubani Per Hallonquist aliandika kwamba anakwenda Luluabourg. Hakwenda huko. Alizunguka mashariki mpaka karibu na Ziwa Tanganyika, redio imenyamaza, ndipo akashuka kusini. Mzunguko wote ule, kilomita kwa mamia, kwa kuiogopa ndege moja ya Kolwezi.

Saa sita na dakika kumi usiku akaarifu mnara wa Ndola kwamba anaziona taa za uwanja. Tshombe alikuwa tayari yuko Ndola akisubiri. Watu uwanjani wakasikia ngurumo ikipita juu yao. Wakangoja ndege igeuke, itue.

Haikutua. Mkubwa mmoja wa Kiingereza akasema labda mgeni amebadili mawazo, amekwenda kwingine. Taa zikazimwa, watu wakalala.

Kolwezi, alfajiri ile, Fundi wangu alifungua banda kama kawaida. Fouga ilikuwepo, puani ina umande. Alichukua chaki, akachora mstari mmoja. Kisha akasita, akazunguka ubavuni, akaweka kiganja juu ya bati la injini.

Itaendelea Jumamosi ijayo.


SEHEMU YA PILI

ILIPOISHIA: Ndege ya Katibu Mkuu imepita juu ya Ndola na kupotea. Alfajiri, huko Kolwezi, Fundi ameweka kiganja juu ya injini ya Fouga.

Sitakuambia kiganja kilihisi moto au baridi. Fundi ni wangu, naweza kumfanya ahisi nitakacho. Lakini ajali ya Ndola si ya kutunga, na miaka zaidi ya sitini watu wamejaribu kuigusa injini ile bila kupata jibu.

Yaliyo wazi ni haya. Mabaki ya Albertina yalipatikana msituni, kilomita kama 15 toka uwanjani, na kupatikana kwenyewe kulichukua karibu saa kumi na tano. Watu kumi na sita walikuwa ndani. Kumi na watano walikuwa wamekufa, Hammarskjöld akiwemo. Mmoja, mlinzi Harold Julien, aliishi siku chache hospitalini, akazungumzia cheche angani. Asubuhi ile ile balozi wa Marekani huko Léopoldville, Edmund Gullion, alituma simu ya maandishi kwao akisema huenda ndege imetunguliwa, akataja na rubani wa Kibelgiji. Ofisa wa jeshi la majini la Marekani aliyekuwa Cyprus usiku ule, Charles Southall, alisema baadaye kwamba alisikilizishwa sauti ya rubani akielezea shambulio. Upande wa pili wapo wanaosema: toka Kolwezi mpaka Ndola ni kilomita zaidi ya 400, Fouga haibebi mafuta ya kwenda, kuwinda gizani na kurudi. Wenzao huwajibu: kwani ni lazima iwe iliruka toka Kolwezi?

Aliyekabidhiwa kuyapitia yote haya upya ni mtu wa kwetu. Mwaka 2015 Umoja wa Mataifa ulimteua Mohamed Chande Othman, aliyekuwa Jaji Mkuu wa Tanzania, kuongoza uchunguzi, na ripoti yake ya 2017 ikasema inawezekana kwamba shambulio au tishio la nje lilikuwa sababu ya ajali. Jaji hakusema imethibitika. Alizigeukia serikali kubwa akaziomba zifungue makabati yao. Mimi namwachia Jaji.

Turudi Kengere, maana hesabu ya ndege inabadilika.

Baada ya Ndola ruhusa zilipatikana upesi. Waethiopia walileta Sabre nne. Waswidi walileta J 29 tano. Wahindi walileta Canberra sita, ndege za kushambulia zenye injini mbili, za kikosi namba 5. Asubuhi ya tarehe 5 Desemba 1961 Canberra zilishuka juu ya Kolwezi na kuzipiga ndege za Katanga pale pale zilipoegeshwa. Anga likabadilisha mwenyewe. Fundi akaufuta ubao kwa kiganja, chaki ikabaki mikononi.

Mtawala mwingine angesema basi. Tshombe alikuwa na shaba. Mwanzoni mwa 1962 wajumbe wake walikuwa Paris, wakimtafuta mtu wa kulijenga upya jeshi la anga, na wakampata mwenye disko.

Jan Zumbach alizaliwa Aprili 1915, jirani na Warsaw. Babu yake alikuwa Mswisi, hivyo naye kwa karatasi alikuwa Mswisi, na Mswisi hakuruhusiwa katika jeshi la Poland. Alificha karatasi. Akaingia jeshini 1934, askari wa miguu kwanza, kisha chuo cha marubani cha Dęblin, akamaliza 1938. Hitler alipoivamia Poland, Septemba 1939, Zumbach alikuwa anauguza mguu uliovunjika. Vita vya nchi yake vikampita kitandani. Labda ndiyo maana vita vya wengine hakuviacha vimpite tena, ingawa hilo ni wazo langu tu.

Akapitia Romania mpaka Ufaransa. Akatunguliwa huko Juni 1940, akatoka mzima. Akavuka kwenda Uingereza, na Agosti akawa miongoni mwa waanzilishi wa kikosi namba 303, kikosi cha Wapoland kilichoruka na Hurricane toka Northolt. Waingereza mwanzoni waliwadharau, Kiingereza hawajui, amri za redio hawazielewi. Vita vya anga vya mwaka ule vilipokwisha, 303 walikuwa wanadai ndege 126. Zumbach peke yake alikuwa na nane. Mei 1942 akawa mkuu wa kikosi.

Hapa inafaa tusogee karibu tuitazame ndege yake. Ni Spitfire. Ubavuni kushoto, chini kidogo ya kioo cha mbele, amechorwa Donald Duck, yule bata wa katuni za Walt Disney. Na jirani na bata, kwa safu, misalaba midogo myeusi: mmoja kwa kila ndege ya Kijerumani. Wakati wa utulivu fundi wa rangi hana kazi. Siku rubani akirudi na vidole vimenyooshwa, fundi anachukua brashi. Mpaka vita vinakwisha Zumbach alikuwa na kumi na mbili zilizothibitishwa, na mbili za kushirikiana na wenzake. Zote aliziangusha angani, na huo ndio ulikuwa utaalamu wake.

Mwezi wa mwisho wa vita aliishia kifungoni kwa Wajerumani, kwa sababu ya kupotea njia tu na kutua upande usio wake. Oktoba 1946 akavua sare. Poland ilikuwa mikononi mwa Wakomunisti, hakurudi. Akaifukua ile karatasi ya Uswisi, akafungua kampuni ndogo ya ndege, na kwa kweli kampuni ilikuwa magendo yenye mabawa. Hakuficha, aliandika mwenyewe kitabuni. Baadaye akatulia Paris na disko lake. Simpendi sana, lakini mwongo hakuwa.

Huyo ndiye aliyekuja kuongoza jeshi la anga la Katanga mwaka 1962. Misalaba ilimfuata: bendera ya Katanga nayo ilikuwa na misalaba mitatu yenye rangi ya shaba, kumbukumbu ya vile vipande vya shaba vya umbo la msalaba vilivyokuwa fedha ya wenyeji kabla ya Wabelgiji.

Na ndege? Jeti hakuna. Zilikuja Harvard, za pangaboi, muundo wa Kimarekani ulioruka mara ya kwanza 1935. Nazo, kama Fouga, zilikuwa ndege za shule. Zikafungwa bunduki na vishikio vya mabomu.

Kuiwasha Harvard ni kazi ya masikio. Kwanza unasikia mlio mwembamba unapanda, kama mbu aliyenaswa ndani ya chandarua. Hilo ni gurudumu zito la stata linajaza nguvu. Rubani anaunganisha. Pangaboi linajikokota nusu mzunguko, linasita. Silinda moja inakohoa, ya pili inaitika, kisha zote tisa zinashika kwa pamoja, moshi wa buluu unafunika ubavu, na nyasi za nyuma zinalala chini. Fundi alijifunza kujua kwa sikio silinda ipi ina kiburi. Alijifunza pia kwamba hewa ya Kolwezi ni nyembamba, na kwamba saa nane mchana ndege yenye bomu tumboni hukimbia, ikakimbia, mpaka unaanza kusali, ndipo inanyanyuka. Zilipelekwa kaskazini, kwenye vita na jeshi la serikali kuu, na wenye nchi kule, Waluba wa Jason Sendwe waliomkataa Tshombe, waliujua mlio wa Harvard kuliko mtu yeyote Kolwezi.

Ubao wa chaki ukajaa tena. Mstari, mstari, mstari. Ndege zikaegeshwa mbali mbali, nyingine zikavutwa chini ya miti na kufunikwa matawi.

Kisha, mwisho mwisho wa 1962, ikaja jeti moja mchana, iko juu, haina haraka. Ilipita mstari mnyoofu juu ya Kengere, ikageuka, ikapita tena. Haikudondosha kitu. Haikupiga risasi hata moja.

"Baba," mtoto akauliza, "ile ilikuja kufanya nini?"

Fundi aliligeukia banda, akautazama ubao wake.

"Ilikuja kuhesabu."

Itaendelea Jumamosi ijayo.


SEHEMU YA TATU

ILIPOISHIA: Zumbach amelijenga upya jeshi la anga la Katanga kwa ndege za pangaboi. Jeti moja imepita juu ya Kengere bila kupiga, na Fundi ameelewa.

Waswidi walikuwa nazo mbili za namna hiyo, S 29C, zimetolewa mizinga na kupachikwa kamera. Nduguze, J 29, Waswidi wenyewe huziita Tunnan, yaani pipa, na ukiziona huulizi kwa nini: fupi, nene, mdomo wazi mbele, kama pipa la mafuta lililoota mabawa. Lakini kila pipa lilikuwa na mizinga minne ya milimita 20, na roketi chini ya bawa.

Wakati huo wengine walikuwa wameondoka. Wahindi waliziita nyumbani Canberra zao kwa sababu ya vita yao na China, Waethiopia nao walikuwa wamezirudisha Sabre. Yalibaki mapipa, kwenye kambi ya Kamina, kilomita kama 230 kaskazini ya Kolwezi. Ilikuwa hali ya ajabu: kambi ya Kamina ya Umoja wa Mataifa, mji wa Kamina wa Tshombe, jirani kwa jirani.

Mkesha wa Krismasi majandarmu, yaani wanajeshi wa Tshombe, walifyatulia risasi Umoja wa Mataifa huko Elisabethville, helikopta moja ikaangushwa. Siku nne wakajadiliana. Tarehe 28 Desemba amri ikatoka.

Jumamosi, tarehe 29 Desemba 1962. Desemba Kolwezi ni mvua, na asubuhi ile mawingu yalikuwa yamelala chini. Mtu wa kawaida angesema leo haji mtu. Fundi wangu aliamini hivyo. Alikuwa ameinamia Harvard, kifuniko cha injini kimefunguliwa, mafuta mpaka kiwiko, mtoto ameshika taa.

Mapipa hayakupita juu ya mawingu, yalipita chini yake. Jeti ikija chini namna ile husikii kitu mpaka imeshakufikia. Sauti huja nyuma, kama mtu anayepiga hodi akiwa ameshaingia. Fundi hakuona ndege, aliona udongo. Mstari wa udongo mwekundu uliinuka toka mwisho wa uwanja, ukaja kwa hatua za sawa sawa, ukaifikia Harvard ya kwanza, ukaipita, na Harvard ikakaa chini upande mmoja kama ng'ombe aliyekatwa mshipa.

"Lala! Lala chini!"

Mtoto aliachia taa. Fundi akamlalia juu. Risasi za mizinga zikaingia chini ya miti, kwenye matawi yaliyokatwa kuficha ndege, na matawi mabichi yakawaka kama makavu, kwa sababu ya petroli. Bati la ndege likishika moto haliwaki jekundu. Linawaka jeupe, linayeyuka, linachuruzika, na likipoa linabaki madimbwi ya fedha ndani ya nyasi.

Waswidi walirudi siku hiyo, na siku zilizofuata. Kuna ndege chache zilizokimbizwa. Zilizobaki ziliungua. Jeshi la anga lililojengwa na mtu wa misalaba kumi na miwili liliishia karibu lote palepale lilipoegeshwa, bila kupata nafasi ya kunyanyuka kupambana. Waliolihesabu hawakuchora bata wala msalaba. Walipiga picha, wakarudi na karatasi zenye duara za penseli nyekundu. Nadhani hapo ndipo zama za Zumbach zilipokwisha, hata kama yeye mwenyewe alichelewa kuambiwa.

Maana hakutulia. Mwaka 1967 alijitokeza Biafra na ndege kuukuu ya B-26, akijiita Brown, akaipiga Makurdi. Kisha akaandika kitabu cha maisha yake, akafa Ufaransa Januari 1986. Amezikwa Warsaw, makaburi ya wanajeshi ya Powązki. Alirudi nyumbani kwa njia hiyo.

Kolwezi yenyewe haikuanguka mara moja. Wanajeshi wa Umoja wa Mataifa waliteka Elisabethville, Kipushi, mji wa Kamina, wakavuka mto Lufira na kuingia Jadotville tarehe 3 Januari 1963. Tshombe akarudi nyuma mpaka Kolwezi, akabaki na karata moja: baruti. Majandarmu na mamluki walitishia kuyalipua mabwawa ya umeme ya mto Lualaba, yale ya Nzilo na Nseke, na mitambo ya shaba pamoja nayo. Lingelipuka bwawa, migodi ingezimika kwa miaka. Kwa hiyo kila mtu, toka Brussels mpaka New York, akaanza kuongea kwa upole. Tarehe 14 Januari Tshombe akatangaza kwamba kujitenga kumekwisha. Tarehe 21 Umoja wa Mataifa ukaingia Kolwezi kwa amani, mabwawa yakiwa mazima.

Siku chache kabla ya hapo, usiku, malori yalipita kuelekea magharibi. Majandarmu walikuwa wanakwenda Angola, kwa Wareno. Mtoto alisimama barabarani akiyaangalia.

"Baba, hawa wanaenda wapi?"

"Ng'ambo."

"Watarudia?"

"Mi sijue, mwana. Lakini angalia: bunduki hawakuacha."

Fundi alirudi Kengere siku moja tu baada ya hapo, kuchukua vitu vyake. Spana hazikuwepo, zilishabebwa. Ubao ulikuwa umeungua nusu. Kipande cha chaki kilikuwa chini ya mlango, akakitia mfukoni.

Miaka ikapita, na mimi nitaipitisha haraka. Union Minière ikataifishwa 1967, ikaja kuitwa Gécamines. Mwaka 1971 Mobutu aliipa nchi jina Zaire na Katanga akaiita Shaba, neno letu la Kiswahili, kana kwamba mkoa mzima ni madini na si watu. Majandarmu waliobaki Angola wakazaa, wakafundisha watoto wao kulenga, wakaingia vita vya Angola upande huu na ule, wakajiundia chama chao, FNLC, chini ya Nathanaël Mbumba. Machi 1977 walivuka mpaka, wakaukaribia Kolwezi. Wamoroko walioletwa na ndege za Wafaransa wakasaidia kuwarudisha.

Mwaka uliofuata hawakuja kwa njia ile ile. Walipitia Zambia, usiku, kwa miguu, maelfu.

Fundi alikuwa mzee sasa, anaishi mtaa wa Manika kwa mwanawe. Mwanawe, miaka 27, mke mmoja, mtoto mmoja, alikuwa anatumika karakana ya Gécamines. Uwanjani Kolwezi kulikuwa na ndege za jeshi la Zaire. Zilikuwa zimeegeshwa.

Ilikuwa Jumamosi tena, tarehe 13 Mei 1978. Kulikuwa hakujapambazuka vizuri pale mlio wa kwanza uliposikika toka upande wa uwanja, kisha mingine, mfululizo. Kijana aliruka kitandani. Mzee alikuwa ameshaketi, amevaa viatu.

"Iko radi?" mke akauliza.

"Hapana," mzee akasema. "Mwezi wa tano haunyeshi."

Mlango ukagongwa, mara tatu, bila pupa. Kijana akafungua nusu. Barazani alisimama mvulana mwembamba, pengine miaka kumi na minane, buti zimejaa udongo mwekundu mpaka magotini, bunduki begani. Nyuma yake wengine walikuwa wanapita kando ya ukuta kimya kimya. Mvulana alisalimia kwa heshima, Kiswahili cha hapo hapo Kolwezi, ingawa kwa umri wake hangeweza kuwa amekulia hapo.

"Yambo, yaya. Tumeambiwa humu muko muzee moja. Alitumika kwa ndeke."

Kijana hakujibu.

"Tunataka atuambie tu. Pale kwa uwanja, ziko ngapi?"

Toka ndani kiti kilisogea. Mzee alisimama, taratibu, akautia mkono mfukoni mwa koti lake la zamani, akitafuta kitu.

Mvulana akaishusha bunduki begani, akaielekeza gizani, kwenye ule mkono.

Itaendelea Jumamosi ijayo.